Karthala: Maji Ndiyo Huamua

Kutoka Nairobi hadi Moroni, mji mkuu wa Komoro, ni kama kilomita 1,350. Ni karibu kuliko Lusaka. Abiria aliyekaa dirishani, mawingu yakimpa nafasi, huona kabla ya kutua mlima mmoja mpana uliojaza sehemu kubwa ya kati na kusini ya kisiwa cha Ngazija. Huo ndio Karthala. Kimo chake ni mita 2,361 kutoka usawa wa bahari, na tangu karne ya 19 umelipuka zaidi ya mara ishirini. Katika upande huu wa Bahari ya Hindi ni Piton de la Fournaise pekee, volkano ya kisiwa cha Réunion, inayoupita kwa wingi wa milipuko.

Wanajiolojia wa Nairobi tunapoalikwa kuzungumza na wanafunzi au na wananchi, swali linalotangulia karibu kila mara ni la lava: ina kasi gani, itafika wapi, itaunguza nini. Ni swali la haki. Lakini kwa mlima kama Karthala mimi huanza na jingine: magma, yaani mwamba ulioyeyuka ulio bado chini ya ardhi, inapopanda, itakutana na maji kiasi gani njiani? Magma ya Karthala haibadiliki sana kutoka mlipuko mmoja hadi mwingine. Kinachobadilika ni maji. Kwa sababu yake, mwaka mmoja watu wa Ngazija huona mwanga mwekundu tu usiku kileleni, na mwaka mwingine huamka jua limefunikwa na majivu na maji yao ya kunywa yamechafuka.

Habari hii inatuhusu. Wangazija ni ndugu zetu wa lugha. Wako Mombasa, wako Unguja, na wengi wetu tuna jirani au shemeji mwenye watu wake huko. Zaidi ya hayo, tunazo volkano zetu za visiwani hapa Kenya, katikati ya Ziwa Turkana, nazo zina maji pande zote.

Komoro ni visiwa vinne: Ngazija, Mwali, Nzuani na Maore. Ngazija ndicho kikubwa na ndicho kichanga. Maore, ulio mwisho wa mashariki, una umri mkubwa zaidi: vilima vyake vimeliwa na mvua kwa mamilioni ya miaka, na miamba ya matumbawe imeuzunguka kwa mbali. Pwani ya Ngazija bado ni mawe meusi, makali, ambayo mahali pengi hayajapata hata udongo. Eneo la kisiwa chote halifiki mara mbili ya kaunti ya Nairobi, na juu yake zimekaa volkano mbili. Kaskazini iko La Grille, yenye mita 1,087 na vilima vingi vidogo vya mchanga wa volkano. Kusini ni Karthala. Sakafu ya bahari hapo iko kama kilomita 3 chini ya maji, kwa hiyo tukiupima Karthala kutoka shinani, ni mlima wa zaidi ya kilomita 5. Tunachokiona juu ya bahari si hata nusu yake.

Mwamba wake ni basalti. Basalti ikiwa imeyeyuka huwa na joto la nyuzi 1,100 hadi 1,200 za selsiasi, ni nyepesi kutiririka, na gesi iliyomo hupata njia ya kutoka bila kubanwa sana. Ndiyo maana miteremko ya Karthala ni ya taratibu: lava ilimwagika, ikaenda mbali, ikaganda, nyingine ikapita juu yake, tabaka kwa tabaka. Volkano za umbo hili huitwa volkano za ngao. Longonot yetu ni ya aina nyingine. Magma yake ina madini mengi ya silika, ni nzito, hutoka kwa shida, na gesi ikikosa upenyo huivunja vipande vipande.

Kutoka kileleni mwa Karthala mikanda miwili ya nyufa inashuka, mmoja kuelekea kaskazini na mwingine kusini mashariki. Mara nyingi magma hufuata mikanda hiyo, ikapasua ubavu wa mlima mbali na kilele. Lakini haifungwi na ramani yetu. Aprili 1977 ufa ulifunguka upande wa kusini magharibi, chini kabisa, karibu na makazi, na lava ikapita katika vijiji vya Singani na Hetsa. Watu walipata muda wa kuondoka. Nyumba na mashamba hayakupona. Mwaka 1860 lava iliyotoka kileleni ilikimbia kama kilomita 13 kuelekea kaskazini magharibi mpaka ikaingia baharini, kaskazini ya Moroni. Leo hakuna anayeweza kuichukulia pwani hiyo kuwa mbali na mlima.

Kileleni kwenyewe hakuna ncha. Kuna bonde kubwa la mviringo, kaldera, lenye kilomita 3 kwa 4 hivi. Kaldera huzaliwa pale chumba cha magma kilicho chini kinapomwaga ujazo wake, paa lake likakosa cha kulishikilia na likaporomoka. Ya Karthala iliporomoka si mara moja, na ukiitazama kutoka juu unaona duara zilizokatana. Ndani yake iko kreta, yaani shimo la volkano, ya Chahalé, yenye upana wa zaidi ya kilomita moja. Kuta zake zimesimama wima, na milipuko mingi ya siku hizi imetokea humo.

Sasa tuyafuate maji. Mteremko wa magharibi wa Karthala ni miongoni mwa mahali penye mvua nyingi sana katika ukanda wetu. Sehemu zake hupata zaidi ya milimita 4,000 kwa mwaka, na Nairobi tukipata 1,000 tunasema mwaka ulikuwa mzuri. Hata hivyo Ngazija haina mto hata mmoja wa kudumu. Basalti changa imejaa nyufa, mapango na mawe yaliyolegea. Mvua inaponyesha, ardhi huinywa papo hapo. Sehemu ya maji hayo hushuka hadi karibu na usawa wa bahari. Sehemu nyingine hunaswa juu kabisa, katikati ya kuta za miamba iliyogandia ndani ya nyufa za zamani, karibu na mfereji ambao magma huutumia kupanda. Na kreta inapokuwa na sakafu isiyovuja, ziwa hujikusanya juu yake.

Kila aliyewahi kupika anajua kinachotokea tone la maji linapodondokea mafuta yaliyochemka. Maji huzama kidogo, hugeuka mvuke kwa mara moja, na mvuke huo hurusha mafuta mpaka ukutani. Maji yakigeuka mvuke katika hewa ya kawaida hutanuka zaidi ya mara 1,600. Ndani ya mwamba hakuna nafasi ya kutanuka, kwa hiyo shinikizo hupanda mpaka mwamba unaachia. Maji yakiwa yamechanganyika na magma yenyewe mambo huwa makubwa zaidi: magma hupoa ghafla, huvunjika vipande vidogo mno, kila kipande kinafungua uso mpya wa moto kwa maji mengine, na mvuke unazidi. Yote hayo ni kazi ya sehemu ndogo ya sekunde. Mlima uliozoea kumwaga lava kwa utulivu hulipuka kama ule wenye magma nzito.

Kuna namna mbili za mlipuko wa maji, na Karthala umetuonyesha zote. Julai 1991 magma haikutoka nje. Joto lake lilitosha: lilichemsha maji yaliyokuwa chini ya Chahalé, na mvuke peke yake ukapasua sakafu ya kreta na kurusha mawe ya zamani. Baada ya hapo ziwa lilijikusanya katika shimo lililobaki. Likakaa hapo, la kijani kijani, miaka karibu kumi na minne. Kwa mgeni lilikuwa mandhari ya kupendeza. Kwa anayesoma volkano, lilikuwa ni maji yaliyowekwa juu kabisa ya njia ya magma.

Tarehe 16 Aprili 2005 magma ilipanda. Safari hii ilifika yenyewe, ikakutana na maji ya ziwa na ya ardhini, na mlima ukalipuka. Safu ya majivu ilipanda juu ya kaldera, ngurumo na radi zikasikika, na majivu yakaanguka juu ya vijiji. Maelfu ya watu wa upande wa mashariki wakayahama makazi yao. Ziwa likatoweka. Baada ya siku moja hivi, mahali pake palikuwa na ziwa la lava. Huo mfuatano una somo kubwa: maji yalipokwisha, mlipuko nao ulikwisha, na magma ile ile ikarudi kwenye tabia yake ya kutokota polepole.

Maji yakarudi tena kwenye kreta, na usiku wa tarehe 24 Novemba mwaka huo huo Karthala ulilipuka mara ya pili. Majivu ya safari hii yalikuwa mengi zaidi na yalifika Moroni, kama kilomita 15 kutoka kileleni. Asubuhi ilikuwa na giza. Watu walitembea wamejifunga vitambaa puani.

Halafu Mei 2006. Mitetemo ikapanda, watu wakajiandaa kwa majivu ya tatu, na usiku anga juu ya mlima likawa jekundu. Lava ilijaa ndani ya Chahalé, ikatokota siku chache, ikaganda. Majivu ya kusumbua hayakuja. Januari 2007 ilikuwa hivyo hivyo, kwa muda mfupi. Maelezo ninayoyaona kuwa na nguvu zaidi ni haya: mfereji ulikuwa umekaushwa, na lava iliyoganda ilikuwa imeziba sakafu ya kreta, kwa hiyo magma iliyofuata haikupata maji ya kupigana nayo. Milipuko minne katika miaka isiyofika miwili, magma ya aina moja, na matokeo mawili tofauti kabisa.

Ushahidi wa haya unapatikana katika majivu yenyewe. Majivu ya volkano hayatokani na kitu kilichoungua. Ni mwamba na kioo vilivyosagika. Chukua kijiko kimoja, kioshe, kikaushe, kisha kitandaze chini ya hadubini. Chembe zilizorushwa na gesi ya magma peke yake zina vitundu vya mapovu, kuta nyembamba zilizojikunja, wakati mwingine matone yaliyoganda hewani au nyuzi za kioo za rangi ya dhahabu. Chembe zilizozaliwa magma na maji vilipokutana zina sura nyingine. Ni vipande vyenye pembe kali na nyuso bapa, mapovu ni machache, na juu ya nyuso hizo kuna mipasuko midogo, alama ya kioo kilichopozwa ghafla. Katikati yake utaona punje za mawe ya zamani, zimebadilika rangi kuwa za manjano au kutu, ambazo mlipuko uliziparua kutoka kuta za mfereji. Mtu akizoea hadubini, kwa sampuli moja anaweza kusema kama mlima ulikuwa mkavu au ulikuwa na maji. Ndiyo maana mlipuko ukitokea tunawaomba watu waweke majivu safi, yasiyoguswa na mvua, katika mfuko wa plastiki wenye tarehe, saa na jina la mahali. Kitu hicho kidogo kina thamani kubwa kwetu.

Maji yanaingia katika habari hii mara ya pili, majumbani. Kisiwa kisicho na mto hutegemea mvua. Katika vijiji vingi vya Ngazija maji ya kunywa hutoka paani, hupita kwenye gata, huingia katika tangi la saruji ambalo mara nyingi liko wazi juu. Ni mfumo mzuri, wa akili, uliowatunza watu vizazi na vizazi. Lakini paa linalokusanya mvua hukusanya majivu vile vile. Baada ya mlipuko wa Novemba 2005, makadirio ya Umoja wa Mataifa yalitaja watu wapatao 245,000 ambao maji yao yalikuwa yameathiriwa au yalikuwa hatarini. Hiyo ilikuwa sehemu kubwa sana ya watu wa kisiwa kizima. Hakuna mto wa lava uliowahi kuwagusa watu wengi hivyo Ngazija.

Majivu mapya hubeba asidi na chumvi zilizonata juu ya chembe zake mlimani, kati yake salfa, klorini na floridi. Yakilowa huziachia majini. Floridi tunaifahamu sana Kenya: ndiyo inayogeuza meno ya watu wa Naivasha, Elmenteita na Nakuru kuwa ya kahawia, na chanzo chake ni miamba ya volkano ya Bonde la Ufa. Ikizidi, mifupa nayo huumia. Mifugo huathirika upesi kwa sababu hula nyasi zilizofunikwa na majivu, kilo baada ya kilo.

Kwa hiyo ushauri wa kwanza kwa familia iliyo chini ya volkano kama hii ni wa tangi. Onyo likitoka, tenganisha gata na tangi kabla ya jambo lolote jingine, kisha funika tangi kwa turubai au mabati na uizibe mianya. Maji yaliyokwisha kuwemo ndiyo akiba yako. Majivu yakishaanguka, yafagie paani yakiwa makavu, mvua isije ikayakuta, kwa sababu yakilowa uzito wake unaweza kufika karibu maradufu na paa dhaifu huporomoka. Anayepanda afunge pua na mdomo, na awe na mtu wa kumshikia ngazi. Baada ya milipuko mingi duniani watu wameumia kwa kuanguka kutoka paani. Mvua ya kwanza na ya pili ziache zioshe paa zikimwagikia nje. Na jambo ambalo wengi hulikosea: kuchemsha maji kunaua vijidudu, lakini hakuondoi floridi wala chumvi. Maji yanapopungua sufuriani, zenyewe hubaki.

Maji huingia mara ya tatu, baada ya mlima kutulia na watu kusahau. Majivu laini yaliyolala kwenye miteremko huziba nyufa zile zilizokuwa zikinywa mvua. Kisiwa kisichokuwa na mito hupata mito ya ghafla. Mvua kubwa hubeba majivu, mchanga na mawe, ikayashusha mabondeni kwa tope zito linalosukuma magari na kuta. Misimu ya mvua iliyofuata milipuko ya 2005 iliwaonyesha Wangazija jambo hili, na Aprili 2012 mafuriko makubwa yalivikumba vijiji vya kusini ya Moroni, Vouvouni kikiwamo. Wahandisi wa barabara na wenye kutoa viwanja wanapaswa kulijua hili kama wanavyojua bei ya saruji. Bonde kavu lililo chini ya volkano yenye majivu mapya halifai kujengwa nyumba, hata kama babu hakuwahi kuona maji yakipita hapo.

Gesi nayo isisahauliwe. Mwaka 1903 watu 17 walikufa Ngazija kwa gesi ya Karthala. Hawakuona lava wala majivu ya kuwakimbiza.

Kwa nini kuna volkano mahali hapa hata kidogo? Wataalamu bado wanavutana. Kwa miaka mingi maelezo yaliyopendwa yalikuwa kwamba chini ya Komoro kuna chanzo kimoja cha joto kilichotulia ndani ya dunia, na bamba, kipande kikubwa cha ganda la dunia, likipita juu yake visiwa vinazaliwa kimoja baada ya kingine. Hilo lingeeleza kwa nini Maore ni mzee na Ngazija ni kijana. Maelezo mengine yanasema safu ya Komoro iko kwenye mpaka unaofunguka polepole kati ya mabamba, sehemu ya kazi ile ile inayolipasua Bonde la Ufa na kuendelea baharini. Mimi naegemea upande huu wa pili, na sababu yangu kubwa ni kilichotokea Maore mwaka 2018.

Tarehe 10 Mei 2018 ardhi ya Maore ilianza kutetemeka, na siku tano baadaye likaja tetemeko la ukubwa wa 5.9. Watu walilala nje. Hakuna aliyeona moshi wala moto. Kisiwa kikaanza kuhama kuelekea mashariki na kuzama kwa zaidi ya sentimita 10, na maji ya bamvua yakawa yanafika mahali ambapo hayakuwa yakifika. Novemba 11 mwaka huo mngurumo mmoja wa chini sana, usiosikika kwa sikio, ulisafiri ndani ya dunia kwa zaidi ya dakika ishirini. Vipima mitetemo viliunasa Zambia, Kenya, Ethiopia, na hata Hawaii. Hapa kwetu kipo kituo cha Kilimambogo, mlima ule unaouona ukiwa Thika, ambacho ni sehemu ya mtandao wa dunia wa kupima mitetemo. Mei 2019 meli ya utafiti ya Ufaransa, Marion Dufresne, ikapata chanzo: kilomita 50 mashariki ya Maore, mlima mpya wenye kimo cha mita 800 na zaidi ulikuwa umejengeka juu ya sakafu ya bahari. Ukapewa jina Fani Maoré. Lava iliyomwagika ilizidi kilomita za ujazo 5, kiasi ambacho hakijawahi kuonekana katika mlipuko wowote wa chini ya bahari uliofuatiliwa na wanasayansi.

Maji hapo yalikuwa mengi kuliko mahali popote tulipokwisha kupataja, na hapakuwa na mlipuko wa kupasua bahari. Sababu ni kina. Sakafu ile iko kama mita 3,500 chini, na shinikizo la maji hapo ni kama mara 350 ya hewa tunayoivuta pwani. Shinikizo likizidi mara 220 hivi, maji hayawezi tena kuchemka na kutanuka ghafla kuwa mvuke, hata yakigusana na lava. Kwa hiyo wingi wa maji peke yake hautoshi kutuambia lolote. Hatari iko pale maji yanapokuwa kidogo au ya wastani na kina ni kifupi: ziwa la kreta, mwamba uliolowa karibu na uso wa ardhi, ufuo wa bahari, kisiwa ziwani.

Na Fani Maoré imetuonyesha kwamba upande wa mashariki, tuliouita wa kizee, haujalala. Hilo linapatana zaidi na mpaka wa mabamba unaofunguka kuliko na chanzo kimoja kilichoachwa nyuma.

Karthala una kituo chake cha uangalizi Moroni, kilichoanza miaka ya 1980, na vipima mitetemo vyake vimewahi kutoa onyo la saa chache kabla ya mlima kulipuka. Saa chache zinatosha kuondoa watu kwenye kaldera, kuarifu marubani na kufunika matangi. Majivu yakiingia katika injini ya ndege huyeyuka na kugandia ndani yake, kwa hiyo habari za mlima ule zinahitajika hata katika chumba cha kuongozea ndege cha Jomo Kenyatta. Kifaa cha mitetemo hueleza magma inapanda. Kujua italipukaje kunahitaji pia kupima ziwa: maji yana kina gani, yana joto gani, rangi imebadilika lini. Ningependa kuona kazi hiyo ya maji ikipewa uzito ule ule wa mitetemo, kila mahali penye volkano ya namna hii.

Tuje Turkana. Ziwa letu la kaskazini lina visiwa vitatu vikubwa vya volkano: cha Kaskazini, cha Kati na cha Kusini. Mwisho wake wa kusini umezibwa na safu ya volkano inayoitwa Barrier, na ni hapo ndipo wasafiri wa Ulaya Teleki na von Höhnel, walipofika mwaka 1888, walikuta volkano iliyokuwa ingali ikifanya kazi. Kisiwa cha Kati kina kreta zenye maziwa matatu ndani yake, moja likiwa na mamba wengi wanaozaa hapo, lingine na heroe, lingine na ngege. Mvuke na gesi za salfa bado hutoka ardhini. Pande zote ni maji, tena ya kina kifupi ukilinganisha na bahari ya Maore. Magma ikipanda hapo siku moja, itafuata kanuni ya Chahalé ya 2005 na si ya Mei 2006. Sisemi kwamba siku hiyo iko karibu. Nasema tunajua itakuwaje.

Wavuvi wa Turkana, na waongoza watalii wanaovuka kwa mashua kutoka pwani ya magharibi, wanakiona kisiwa hicho mara nyingi kuliko mtaalamu yeyote aliyeko Nairobi. Tunawaomba watazame mambo machache: mvuke unaotoka mahali ambapo haukuwapo, majani yaliyokauka pamoja katika eneo moja wakati mengine ni mabichi, ziwa la kreta lililobadilika rangi, mapovu yasiyokoma karibu na ufuo, samaki wengi waliokufa kwa pamoja, ardhi yenye joto la kuchoma nyayo. Ukiona lolote kati ya hayo, mweleze askari wa KWS, shirika la wanyamapori, au chifu, ukitaja siku, saa na upande wa kisiwa. Picha ya simu inasaidia sana ikiwa na mtu au mashua ndani yake, ili tujue ukubwa. Usishuke ndani ya kreta kuchungulia kwa karibu. Kaboni dayoksaidi ni nzito kuliko hewa, hujikusanya mabondeni penye upepo mdogo, na haina rangi wala harufu.